Mchekeshaji anayetaka kushtua aanze na nafsi yake

Mhariri,

Siku hizi mchekeshaji akikemewa kwa mzaha uliopita kiasi, utamsikia akijitetea kwamba kazi ya sanaa ni kushtua. Nami nakubali. Ninachouliza ni nani anayeumia watu wakishashtuka.

Machi 1992, akina mama waliokuwa wakidai wana wao waachiliwe kutoka jela walivamiwa na polisi pale Uhuru Park. Baadhi yao wakavua nguo. Mama mzee kumvulia nguo kijana wa rika la mwanawe ni laana, na wale askari walilijua hilo. Walivunja mwiko mzito kweli kweli, ila miili iliyokuwa hatarini ilikuwa yao. Hata kule Italia mwaka wa 1974, msanii Marina Abramović alipowaruhusu watazamaji wamtendee wapendavyo kwa saa sita, wakitumia vitu 72 vilivyopangwa mezani, zikiwemo bastola na risasi, aliyetoka damu ni yeye.

Sasa nieleze nilichokiona katika ukumbi mmoja wa vichekesho hapa jijini. Mchekeshaji alimwinua bwana mmoja wa safu ya mbele, akamsogezea maikrofoni na kumuuliza jina. Bwana yule ana kigugumizi. Basi mchekeshaji akaanza kumwigiza, silabi kwa silabi, simu zikimrekodi kila upande. Mkewe alikuwa ameshika mkono wa shati lake, akimvuta aketi. Alipoketi, mchekeshaji akamgeukia mke. Watu walicheka, ndiyo, lakini wengi wa safu za mbele walikuwa wanacheka ili wasiitwe wao.

Huo si ujasiri hata kidogo. Ujasiri ni ule wa vijana wa kundi la vichekesho la Redykyulass, waliomwigiza Rais Moi angali Ikulu, enzi ambazo watu wazima walishusha sauti kabla ya kulitaja jina lake.

Siiombi serikali ipige marufuku chochote. Marufuku tumeyaona: mwaka wa 2013 mchezo wa kuigiza wa shule ya wasichana ya Butere ulizuiwa katika tamasha za shule hadi Mahakama Kuu ikaingilia kati, na mwaka wa 2025 walipofika Nakuru na mchezo mwingine, polisi wakarusha vitoa machozi. Kwa watoto wa shule!

Ombi langu nalielekeza kwa wenye kumbi. Kifungu cha 33 cha Katiba, hicho hicho kinacholinda uhuru wa kujieleza, kinamtaka kila mtu aheshimu haki na sifa za wengine. Waulizeni wateja mlangoni nani yuko radhi kutaniwa, na hao ndio wakae mbele. Asirekodiwe mtu na kutupwa mitandaoni bila idhini yake. Video ya bwana yule bado inasambazwa. Walioiweka waiondoe, kisha wamtafute yeye na mkewe wawaombe radhi.

Msomaji wako,
Umoja, Nairobi