Mwanangu, kesho pokea mzigo wa ngozi

Mwanangu mpendwa,

Kamwene. Sisi huku hatujambo. Mama yako anakusalimu, baridi ya Njombe imeanza kung'ata na ukungu hautoki mpaka saa nne asubuhi. Nimeamua kuandika kwa sababu kwenye simu utaniambia "niko sawa, baba" kabla sijamaliza salamu.

Jumapili ulisema neno ukalipita haraka. Ulisema siku hizi ukirudi kutoka kazini unabaki kwenye gari nje ya geti, umezima injini, dakika ishirini nzima, kwa kuwa bado hujawa tayari kuitwa mama. Ukacheka. Mimi sikucheka, na usiku ule usingizi ulikuwa wa kuokoteza. Dakika hizo nazijua. Zangu nilizimalizia kwenye benchi la fundi viatu.

Ulikuwa na miaka mitano, basi ni mwaka 1995. Nilikuwa muuguzi wa zamu, mara nyingi usiku unaunganishwa na mchana mwenzangu akiugua. Mama yako anafundisha, mdogo wako ana miezi saba na meno yanamsumbua. Asubuhi moja nilitoka wodini ambako tulikuwa tumempoteza mtoto. Nilipofika nyumbani ulinikimbilia na kikombe cha uji, uji ukamwagikia viatu vyangu vya kazi, na mimi nikakupiga kofi. Hukulia. Ulirudi nyuma, ukaegemea ukuta, ukanitazama. Wiki nzima nikibisha hodi ulikuwa unaondoka sebuleni unakwenda kwa mama yako jikoni. Pengine ulishasahau. Mimi sijasahau, na kwa miaka yote hii sijawahi kukuomba radhi kwa mdomo wangu. Nakuomba radhi sasa, mama. Ulikuwa unaniletea uji.

Viatu vile vile soli yake ilikuwa imeanza kuachia. Nikavipeleka kwa mzee mmoja aliyekuwa akishona viatu pembeni ya soko, nikaketi nivisubiri. Hakuwa msemaji. Anatoboa kwa msharasi, anaingiza sindano ya kwanza kutoka kulia, ya pili kutoka kushoto katika tundu lile lile, kisha anavuta mikono yote miwili kwa pamoja, mbali kabisa, kama mtu anayefungua madirisha. Tundu linalofuata, vivyo hivyo. Nilipoinuka pale saa nzima ilikuwa imepita na wodi haikuwa imenijia kichwani hata mara moja.

Nikarudi kesho yake bila kiatu. Mzee akanitazama, akanisogezea vipande vilivyobaki na sindano mbili. Hakuniuliza shida yangu ni nini, na hadi leo namshukuru kwa hilo.

Utasema: baba, muda huo nitautoa wapi? Mimi nilianza na nusu saa, siku mbili kwa wiki, baada ya ninyi kulala. Kwangu nusu saa ya kushona ilinipumzisha kuliko saa mbili za kukaa mbele ya redio, na sababu yake naijua. Ukikaa bure, mwili umepumzika lakini kichwa kinaendelea kuhesabu: ada, deni, nani kakohoa, bosi kasema nini. Ngozi haikubali hivyo. Kitambaa ukikosea unafumua. Ngozi ukiitoboa pasipo mahali pake, lile tundu ni la maisha. Kwa hiyo macho yanabaki pale, mikono yote miwili imeshikwa, na simu hata ikilia huna kidole cha kuipokea.

Baadaye nilikuta watu wa tiba kwa vitendo walishalijua jambo hili zamani. Wakati wa Vita Kuu ya Kwanza na baada yake, hospitali za Uingereza na Marekani ziliwapa askari waliojeruhiwa kazi za mikono, vikapu na ngozi zikiwemo, ili mikono irudi na akili itulie. Yuko pia Mmarekani, Claudia Allen, aliyetengeneza kipimo cha jinsi akili inavyofanya kazi, kinachotumia kipande cha ngozi chenye matundu. Mgonjwa anaonyeshwa mshono mwepesi, kisha mgumu kidogo, kisha mgumu zaidi, na mtaalamu anatazama anavyouiga, anavyogundua kosa, anavyolirekebisha. Niliposoma hayo nilimkumbuka mzee wangu wa sokoni.

Lakini nisikudanganye, nimefanya kazi hospitali miaka mingi. Usingizi ukikukimbia wiki mbili mfululizo, chakula kikose ladha, watoto unaowapenda uwaone kama mzigo kila siku, hapo usitegemee sindano na uzi. Nenda umwone daktari, na umwambie mumeo unakwenda. Ngozi ni ya uchovu wa kawaida, ule wa mtu anayebeba watu wengine kutwa.

Sasa mzigo wenyewe.

Ile ngozi ya rangi ya maandazi ni ngozi iliyosindikwa kwa magome. Nimeitafuta kwa bidii kwa sababu nyingi unayoiona madukani imesindikwa kwa kromu, chumvi ya madini ya kiwandani. Utaitambua ya kromu ukiikata, mara nyingi katikati yake ina rangi ya kijivu inayoelekea buluu. Kromu inamaliza kazi kwa siku moja au mbili; magome, kwa njia ya zamani ya mashimo, huchukua wiki nyingi, hata miezi. Ya kromu ni laini na haiogopi sana maji, nzuri kwa mkoba. Kwa anayejifunza, hii ya magome ni mwalimu bora: ukiilowesha kidogo inashika alama ya kucha, ukingo wake ukisuguliwa unang'aa, na ikikaa juani inaiva rangi siku hadi siku bila wewe kufanya lolote.

Tena hii ina habari ya kwetu. Babu yako alikuwa kibarua wa kubandua magome ya miwati. Miti ile asili yake ni Australia, na ile kampuni ya miwati hapa Njombe, TANWAT, ilianza mwaka 1949. Magome yanachemshwa, maji yake yanakolezwa mpaka ibaki tanini, na tanini ndiyo inayoifanya ngozi mbichi isioze. Babu alikuwa akirudi jioni mikono myeusi, haitoki kwa sabuni wala majivu. Nikiwa mdogo nilidhani ni uchafu. Kumbe ni tanini ya gome bichi ikikutana na chuma cha panga. Ndiyo maana nakuonya: ngozi hii ikiwa na unyevu usiilaze juu ya bati wala meza ya chuma, itapata madoa meusi kama mikono ya babu yako, na hayafutiki kirahisi.

Usishangae kuona mikwaruzo na vidoa. Ng'ombe yule alipita kwenye miiba, akaumwa na kupe. Mafundi wengi wanakata sehemu hizo na kuzitupa. Mimi naziacha, tena napenda ziwe upande wa nje.

Anza na kishikizo cha funguo, usianze na pochi. Najua utataka pochi. Pochi ina tabaka nne na pembe zake zinamkatisha tamaa mtu. Chora mstari kwa rula ya chuma, ukate kwa kupitisha kisu taratibu mara tatu au nne; anayekata kwa pigo moja anakata na kidole. Ngozi ya upande wa mgongo ndiyo ngumu, tumia hiyo. Ya tumboni inavutika, ukiifanya mkanda itakuwa ndefu kila mwezi. Nimekuandikia kwa penseli nyuma ya kila kipande.

Kwa matundu, chukua uma wa mezani. Ndiyo, uma wa kulia wali. Ubonyeze juu ya mstari, alama zitoke, kisha jino la kwanza la uma lirudi kwenye alama ya mwisho, ubonyeze tena. Hapo nafasi zote zitalingana. Ndipo utoboe kwa msharasi, chini umeweka kipande cha ubao.

Uzi uukate mara nne ya urefu wa mshono na zaidi kidogo. Sindano moja kila ncha. Katika kila tundu zinapita zote mbili, moja huku moja kule, ukianza na upande ule ule kila mara, la sivyo mshono utayumba. Cherehani nayo inatumia nyuzi mbili, lakini zinanasana tu katikati ya ngozi; mmoja ukikatika mshono unaweza kufumuka. Mshono huu wa mkono, uzi ukikatika mahali pamoja, ule mwingine bado umeshikilia. Mimi na mama yako tulipokuwa tunapokezana ninyi usiku, mmoja akianguka kwa uchovu mwenzake ameamka, nilikuwa nauangalia mshono huo na kuufikiria sana. Mwambie mumeo ashike sindano ya pili. Simaanishi ashone. Namaanisha siku mbili hizo kwa wiki yeye ndiye awalaze watoto, na wewe usiinuke hata ukisikia kilio. Zungumza naye leo. Ni kijana mwelewa, ila mambo mengine hayaoni mpaka yasemwe.

Gundi sikuweka. Kwa kuanzia huihitaji, na ile ya viatu harufu yake ni kali, haifai chumba kilichofungwa chenye watoto. Ukifika hatua ya kuihitaji, fanyia kibarazani.

Kitu kimoja kitakujia, nakuombea ukikatae. Utatengeneza viwili vitatu, wenzako kazini watavipenda, mmoja atasema uza. Kuuza si vibaya na wapo wanaolisha familia kwa ngozi. Lakini wewe kazi unayo, tena imekujaa. Siku ukipokea oda ya watu kumi, nusu saa yako itakuwa imepata bosi mwingine. Mwaka fulani nilikubali kushona mikanda ya sherehe ya kwaya, na kwa mwezi mmoja nilikuwa nakwenda kwenye ngozi kwa mguu mzito kama ninavyokwenda kwenye zamu. Mpe mtu zawadi, inatosha.

Tena usikae nayo kwenye gari. Tafuta pembe ndani ya nyumba, hata ya jikoni, watoto waone kuwa hiyo ni sehemu ya mama. Mwanzo watakusumbua. Wewe ulinisumbua mwezi mzima, kisha ukazoea, ukawa unakuja na kigoda chako unakaa pembeni kimya. Ndipo uliporudi kwangu, mwanangu, kwa kigoda kile. Sikukuita. Nilikuwa nashona, nikageuka, upo.

Mzigo unaondoka kesho alfajiri, jioni utakuwa Mbezi, Stendi ya Magufuli. Risiti nimempa kondakta, namba yake nitakutumia kwa ujumbe. Kisu nimekifunga peke yake kwenye gazeti na gundi ya karatasi, usikifungue mbele ya watoto, na ukimaliza kazi kikae juu ya kabati. Ile mipira miwili ya njano ni nta ya nyuki. Mmoja ni wako. Mwingine mpe mjukuu wangu mkubwa awe anakupitishia uzi juu yake kabla hujatunga sindano. Wewe ulikuwa unaupitisha mara tatu, unahesabu kwa sauti, na ya tatu ulikuwa unaivuta polepole mno kwa sababu ukimaliza ilibidi ukalale.

Baba yako