Steringi mmemsifia, bibi je?

Mhariri, salamu.

Nimesoma ile makala yenu ya Jumapili kuhusu filamu za zamani za Meksiko, zile za nyeusi na nyeupe, na kwa kweli mmeandika vizuri ila kuna sehemu mmenikera. Ukurasa mzima ni mastaa wenyewe, Pedro Infante, Jorge Negrete, María Félix, halafu yule bibi wa sigara aliyekuwa anawacharaza wajukuu zake na mkongojo mmemuandika chini ya picha "na bibi yake" basi. Bibi yake nani? Ana jina jamani, anaitwa Sara García.

Huyu mama kazaliwa Orizaba, jimbo la Veracruz, 1895, na kwenye filamu kaanza 1917 hata sauti hazina. Na hapa ndo mimi huwa nachoka: alipokuwa anaelekea miaka 40 alitaka kucheza bibi kizee jukwaani, wakamuona bado kijana mno, basi akaenda kung'olewa meno 14 ili mashavu yaingie ndani na mdomo ukae kizee. Meno kumi na nne mhariri, si kucha! Wasanii wetu siku hizi (sitaji mtu) wakipewa bibi wanajipaka unga kichwani, wanapinda mgongo, kazi imeisha.

Sasa ile picha mliyoiweka nyie ni ya Los tres García ya 1947, dairekta Ismael Rodríguez. Binamu watatu wanamgombania dada mmoja wa Kimarekani, kila saa wanataka kushikana mashati, na anayewaweza ni bibi peke yake. Steringi ni Infante hilo sibishi, lakini bibi akiingia tu kwenye chumba humuangalii tena mtu mwingine. Sara hapo ana miaka 51 hivi na Infante hajafika hata 30, yaani kwa umri ni mama na mwanae tu, ila ukiwaona huwezi kubisha, ni bibi na mjukuu. Halafu mwaka huohuo ikatoka ya pili, wakamuua bibi. Sisi tumekua tukijua steringi hafi, kumbe steringi abaki au asibaki, akishakufa bibi filamu inapoa, na Infante analia pale mpaka na wewe unatafuta leso.

Kuna jambo lingine nadhani wengi hawalijui. 1940 alifiwa na binti yake wa pekee, Fernanda, naye alikuwa muigizaji, miaka 20 hivi tu. Mwaka uliofuata ikatoka Cuando los hijos se van, maana yake watoto wanapoondoka, na Sara ndo mama wa nyumba hiyo, watoto wanamtoka mmoja mmoja. Alisimamaje mbele ya kamera mimi sielewi.

Sisemi kila alichocheza ni dhahabu. Miaka nenda rudi mama wa kulia, bibi wa kufoka, na zipo filamu machozi yamezidi mpaka unaboreka. Lakini huyohuyo 1972, keshapita miaka 75, akatokea kwenye Mecánica nacional kama bibi anayeporomosha matusi ya barabarani na kula mpaka anavimbiwa anakufa, watu wakashtuka utadhani wamemsikia bibi yao mwenyewe.

Na si yeye tu mliyemruka. Kwenye Nosotros los pobres kuna wale wanawake wawili walevi, Amelia Wilhelmy na Delia Magaña, wakipita mbele ya kamera unacheka hata kama filamu nzima ni misiba mitupu. Makala yenu kimya.

Sara kafariki Novemba 1980, na sura yake iko kwenye pakiti za chokoleti ya kunywa inayoitwa Abuelita, yaani bibi, ile inayochemshwa na maziwa, kwa hiyo hata mtoto ambaye hajawahi kuona filamu yake hata moja anamjua uso.

Naomba basi Jumapili ijayo mrekebishe yale maandishi chini ya picha, jina lake ni fupi halitawamalizia nafasi. Na kama mtaiweka picha nyingine tafuteni ile ana sigara.

Msomaji wenu wa kila Jumapili,
Tanga