Wanataarabu wajiundie vinanda vyao vya kompyuta

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niwasihi walimu wa muziki na wenye studio waipe uzito Pure Data, programu ya bure iliyoanzishwa na Miller Puckette katika miaka ya 1990, ambayo humwezesha mtu kujiundia ala na vionjo vya sauti bila kuandika mistari mirefu ya maelekezo. Mtumiaji hupanga visanduku kwenye skrini na kuviunganisha kwa nyaya za kuchora: kimoja huzalisha wimbi, kingine hurekebisha ukubwa wake, cha mwisho hulipeleka kwenye spika. Akitaka mwangwi, huongeza kisanduku cha kuhifadhi sauti na cha kuirudisha baada ya, tuseme, milisekunde 300, na hapo hapo husikia alichokitengeneza.

Kinachonihimiza kuandika ni taarabu. Vinanda vingi vya umeme huigawa oktavu, yaani masafa ya kutoka do hadi do inayofuata, katika nusu toni 12 zilizo sawa, ilhali Rast, mojawapo ya maqamu (ngazi za sauti za muziki wa Kiarabu) zitumikazo katika taarabu, ikianzia do huhitaji sauti ya tatu iliyo baina ya mi na mi iliyoshushwa nusu toni. Mpiga udi huipata kwa kidole, na mpiga kanuni kwa vile vishikizo vidogo vya kupandishia nyuzi, lakini mpiga kinanda hubaki na hezi (mitetemo kwa sekunde) 311 au 330 tu. Katika Pure Data kila noti ina namba, do ya kati ikiwa 60 na kila nusu toni ikiongeza moja, na hakuna sharti kwamba namba iwe kamili, ukiandika 63.5 utapata takriban hezi 320.

Sidai kwamba 63.5 ndiyo Rast yenyewe, kwa sababu wapigaji wazoefu huipandisha au kuishusha sauti hiyo kidogo kulingana na mwendo wa wimbo. Ndiyo maana namba hiyo inapaswa kuwa mikononi mwa mpigaji, si kufungwa kiwandani.

Kwa hiyo napendekeza kwamba Dhow Countries Music Academy ya Unguja, ambako udi na kanuni tayari hufundishwa, iwaketishe wanafunzi pamoja na wapiga kanuni wazoefu, wapime sauti za nyuzi zao, kisha wazitie namba hizo katika vinanda watakavyoviunda na kuvigawa bure kwa vikundi vyetu.

Wako,
Mpenzi wa taarabu,
Unguja