Mzee aliyeuawa msimwite mshukiwa

Kwa Mhariri,

Mimi ni mwalimu mstaafu, mkazi wa Ganze, Kaunti ya Kilifi. Gazeti hili nimelisoma miaka mingi, na nilipokuwa darasani nilikuwa nikikata makala zake nikawapa watoto wasome kwa ufahamu. Ndiyo maana kichwa cha habari mlichochapa majuzi kimenikaa kooni. Mliandika kwamba mshukiwa wa uchawi ameuawa. Mzee wa watu amekatwa mapanga usiku mlangoni pake, waliomkata wametokomea gizani, na katika habari nzima neno "mshukiwa" mmempa maiti.

Mshukiwa, kwa jinsi sote tunavyolitumia neno hili, ni mtu anayetafutwa na polisi au anayengoja kufikishwa kortini. Huyu mzee alishukiwa na nani? Aliripotiwa kituo gani? Hakuna. Walionong'ona jina lake ndio waliomuua, nanyi mkauchukua mnong'ono wao mkaupa wino. Kibaya zaidi, kwa sheria yetu wenye kosa ni wao. Sheria ya Uchawi ya mwaka 1925, pamoja na kasoro zake zote, inasema kuwa kumtuhumu mtu uchawi ni kosa, isipokuwa tuhuma hiyo uipeleke kwa chifu, polisi au mamlaka nyingine inayohusika. Anayesimama matangani na kupaza sauti kwamba "wazee wa hapa wametumaliza", huku akimwangalia mmoja wao, amekwisha kuvunja sheria kabla panga halijanolewa. Matanga hayo chifu huwa yupo, na mzee wa nyumba kumi yupo. Huinamisha macho.

Nina kaka yangu mkubwa, ana miaka 74. Kila baada ya wiki tatu, siku ambayo wanawe hawapo, huketi juu ya kigoda nyuma ya jiko, akampa mjukuu wake pakiti ya piko, ile rangi nyeusi ya nywele. Binti huikoroga kwenye kifuniko cha mkebe, akachukua mswaki mkuukuu, akaanza kumpaka kichwa kutoka kisogoni kuja mbele. Humpaka na nyusi. Ndevu huzinyoa zote, kwa sababu piko humwasha kidevuni. Siku moja nilimkuta katikati ya kazi hiyo, masikio yamechafuka weusi, maji meusi yanamchuruzika shingoni. Nikamwuliza ataendelea hivi mpaka lini. Akaniambia, "Mvi hizi baba alizisubiri kwa hamu. Mimi nazificha kama mali ya wizi."

Hayuko peke yake. Wanaume wengi wa rika lake hapa kwetu wanapaka, na kila mmoja anajua mwenzake kwa nini anapaka: mwenye mvi hapa huitwa mchawi.

Baba yetu alipoota mvi alianza kuitwa vikaoni. Posa ikija, kadzama, chombo cha mnazi, haikuguswa mpaka wazee waketi, waipokee, na waseme. Ng'ombe wa mtu akiingia shamba la mtu, neno lililomaliza ugomvi lilitoka kwa wazee wa kambi, baraza lao. Na heshima hiyo haikukoma kaburini. Kwa sisi Wagiriama, mzee aliyekuwa amejiunga na Gohu, chama cha wazee, akifa, watu wake humchongea kigango, nguzo ya mti mgumu yenye kichwa na mabega, wakaisimika karibu na boma ili aendelee kuwamo katika shughuli za nyumba yake. Tambiko likifanywa, naye hupewa chake.

Vigango hivyo vilianza kung'olewa nikiwa bado kijana. Waling'oa vijana wa humu humu, wakawauzia wafanyabiashara wa vinyago, navyo vikavuka bahari hadi majumbani na kwenye makumbusho ya Marekani. Viwili vilirudishwa nchini mwaka 2007, vingine vikafuata baadaye, lakini vingi bado viko huko. Wakati ule tulisema ni njaa. Leo naona tulikuwa tunaangalia mwanzo wa jambo jingine: babu alikuwa amegeuka kitu kilichosimama mahali penye bei.

Sitaki kusema kwamba zamani kulikuwa peponi. Hao waliochongewa vigango walikuwa wenye mali, kwa sababu kuingia Gohu kulikuwa na gharama zake. Mzee fukara asiye na watoto hakuwa na sauti kubwa kambini. Na tuhuma za uchawi zilikuwepo. Aliyetuhumiwa alipelekwa kwenye kiraho, kiapo cha kupima ukweli, na kiraho cha shoka la moto kimewaunguza watu wasio na hatia, sina shaka. Lakini angalau mtu aliitwa mchana, mbele ya watu, akajua anayemtuhumu ni nani, akapewa nafasi ya kukana, na akishinda tuhuma ile ikafutika. Wa sasa hapati kusema hata neno. Anasikia mbwa wakibweka, basi.

Kuna mwanamke mmoja ambaye kila mtoto wa Kilifi anafundishwa habari zake, na kila nikimfundisha nilijiuliza angeishije leo. Mekatilili wa Menza alikuwa mjane, mtu mzima, mwaka 1913 alipokuwa akienda kijiji kwa kijiji akicheza ngoma ya kifudu na kuwaita Wagiriama wakatae kodi na kazi ya kulazimishwa ya Waingereza. Hakuwa na cheo wala bunduki. Watu walimfuata Kaya Fungo, msitu mtakatifu wa Wagiriama, wakala kiapo. Serikali ilimkamata pamoja na Wanje wa Mwadorikola, ikawahamishia magharibi ya nchi, wakatoroka wakarudi kwa miguu. Mwaka 1914 Waingereza waliilipua Kaya Fungo kwa baruti. Na Mekatilili aliporejea kutoka uhamishoni mara ya pili, mwaka 1919, alipewa uongozi wa baraza la wanawake katika kaya hiyo hiyo. Sasa mchukue mwanamke wa namna hiyo, mjane, mwenye maneno makali, anayejua dawa na viapo, asiyeogopa wanaume, umweke katika kijiji chochote cha Ganze au Kaloleni leo. Nani kati yetu atathubutu kusema angefikisha mwaka?

Watu wa mjini hutuambia kwamba ni ujinga na imani za kishamba. Viongozi wa dini wanasema vijana wameacha maadili. Mimi nimekaa hapa miaka yote, na ninachokiona ni shamba.

Zamani ardhi ilikuwa ya ukoo, na mzee aliigawa kwa matumizi tu. Hakuwa na la kuuza, kwa hiyo kufa kwake hakukumtajirisha mtu. Halafu baruti ile ya 1914 iliwavunja wazee wa kaya, na hukumu zao zikahamia kwa wakuu walioteuliwa na serikali. Baada ya uhuru ukaja upimaji wa mashamba na hatimiliki, na hatimiliki ikaandikwa jina moja, aghalabu la baba. Kuanzia hapo ekari kumi za watu thelathini zikawa zinasubiri sahihi ya mtu mmoja. Akikataa kuuza, hakuna anayeuza. Kisha lami ikafika, wanunuzi wakaja na magari yenye vioo vyeusi, wakataja bei ambazo kijana asiye na kazi hajawahi kuzisikia. Mzee anasema hapana, hapa pamezikwa wazazi wangu. Baada ya muda mtoto anaugua jirani, anafariki, na jina linatajwa.

Kwa wajane ni hivyo hivyo. Sheria ya urithi iliyoanza kutumika mwaka 1981 inampa mjane haki ya kukaa katika mali ya mumewe maisha yake yote. Ni haki njema, lakini shemeji mwenye tamaa anaisoma kwa namna yake: haki inakwisha maisha yakikwisha.

Kaka yangu ana ekari sita kando ya barabara.

Wala si sisi Mijikenda, Wagiriama na ndugu zao wa Pwani, peke yetu. Ng'ambo ya mpaka, Usukumani, vikongwe wamekuwa wakiuawa kwa kuwa na macho mekundu, macho yaliyowiva kwa moshi wa kuni na samadi baada ya kuwapikia watu miaka hamsini. Uingereza nako, kabla Bunge lao halijafuta mashtaka ya uchawi mwaka 1736, waliokuwa wakifikishwa mahakamani wengi walikuwa ajuza maskini. Lakini kuna jambo moja la Waingereza ambalo hunichoma. Wazee wao walikuwa wakiishi kwa hofu ya kuishia katika nyumba za maskini, na tarehe 1 Januari 1909 serikali yao ikaanza kuwalipa wahitaji waliotimiza miaka 70 hadi shilingi tano kwa wiki, wanazichukua posta. Miaka mitano baadaye, serikali hiyo hiyo ikawalipulia wazee wa Kigiriama kaya yao. Walijua mzee anahitaji nini. Walikuwa wameshaanza kumpa, kwao.

Sisi tulichelewa, lakini tulianza. Tangu 2018, kupitia mpango wa serikali wa Inua Jamii, Mkenya aliyetimiza miaka 70 anastahili shilingi 2,000 kwa mwezi. Zanzibar walitangulia, 2016. Naisifu mipango hii kwa moyo wote, maana nimeona mzee mwenye chake anavyoketi mezani tofauti na mzee wa kuomba. Shida ni namna inavyomfikia. Shangazi yangu alipanda bodaboda hadi kwa ajenti wa benki, akaweka kidole kwenye mashine, ikakataa. Akaweka kingine, ikakataa. Akaambiwa apake mafuta, apanguse, ajaribu tena. Vidole vyote kumi. Alama zake zimelika kwa jembe na kwa kusuka makuti tangu akiwa msichana, mashine haikuona mtu pale. Akarudi nyumbani na deni la nauli, na wajukuu waliokuwa wakimngoja kwa hamu wakaanza kusema maneno. Maneno kama hayo, Mhariri, kwetu yana mahali yanapofikia.

Katiba ya 2010, kifungu cha 57, inamhakikishia mzee haki ya kuishi kwa heshima na bila kudhulumiwa, na kutunzwa na jamaa zake na serikali. Humu humu Ganze, pale Kaya Godoma, wazee waliotishiwa kuuawa hukimbilia na kuhifadhiwa. Wanaowapokea ni watu wema, Mungu awalipe. Lakini mzee anayelala pale haishi kwa heshima, anaishi kwa kujificha. Na wakati yuko kule, shamba alilolikimbia liko mikononi mwa nani? Hilo ndilo ningependa mwandishi wenu aende akaulize.

Kwa hiyo nawaomba mambo mawili, na yote yamo ndani ya uwezo wa chumba chenu cha habari. La kwanza, liacheni hilo neno. Andikeni kwamba mzee ameuawa, mtaje umri wake, watoto wake, kazi aliyoifanya alipokuwa na nguvu. Kama ni lazima kutaja tuhuma, semeni ni nani aliyeitoa na ilitolewa wapi, kwa sababu huyo ametenda kosa na polisi wanapaswa kumhoji. La pili, msiiache habari siku ya mazishi. Rudini baada ya miezi sita muulize kesi imefika wapi. Ulizeni hatimiliki ilikuwa kwa jina la nani, na sasa iko kwa jina la nani. Mkifanya hivyo mara tatu nne, wanunuzi wenye magari ya vioo vyeusi watajua kuna macho yanaangalia, na vijana wanaokodiwa kwa hela kidogo watajua jina litakaloandikwa ni lao.

Gazeti lenu nikimaliza kulisoma humpelekea kaka yangu kila Jumapili, naye hulisoma lote, hata matangazo ya mnada. Lile la majuzi sikumpelekea. Nilimwambia halikufika.

Wako,
Mwalimu mstaafu,
Ganze, Kilifi