Barua ya wazi kwa Waziri wa Ulinzi: ulizia Malaysia kabla ya kuagiza deraya nyingine

Kwa Mheshimiwa Waziri wa Ulinzi,
Ulinzi House, Nairobi.

Mheshimiwa Waziri,

Magari 118 ya deraya (magari ya kivita yenye ngao ya chuma) aina ya Hizir ambayo Kenya iliagiza kwa Katmerciler, Uturuki, yalitangazwa kwa dola milioni 91.4, vipuri na matengenezo vikiwa ndani. Ukigawanya, kila gari linasimama kwenye dola 775,000 hivi. Wengi wamebishana juu ya bei hiyo, nasi hatuna ugomvi nayo. Tunachouliza ni hiki: ifikapo mwaka 2040, magari hayo yatakuwa yakitembea kwa vipuri vya nani?

Jeshi la nchi kavu la Malaysia limekwisha kulipia jibu, tena zaidi ya mara moja. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 lilinunua magari 459 ya deraya aina ya Condor kutoka Thyssen Henschel ya Ujerumani. Condor ni mrithi wa UR-416, gari ambalo jeshi letu wenyewe limekuwa nalo, na yote mawili yamejengwa kwa viungo vya Unimog, lori la Mercedes la kupita porini. Injini ya Condor ni OM352A ya Mercedes: silinda 6, lita 5.7, nguvu farasi 168. Kwa gari la tani 12 na ushei hiyo ni nguvu ndogo, na mlimani dereva anaijua. Lakini injini ya jamii hiyo ndiyo iliyovuta malori ya Mercedes 1113. Pistoni, gasketi, nozeli na pampu ya dizeli vilipatikana kwa wauzaji wa spea za malori, na fundi aliyezoea lori hakuhitaji kozi ya mwaka mzima. Hiyo ndiyo sababu kubwa iliyofanya Condor zidumu kazini miongo mitatu na zaidi, hata Malaysia ikazipeleka Lebanon na kikosi cha Umoja wa Mataifa kuanzia 2007.

Udhaifu wake nao uko wazi. Ekseli za jamii ya Unimog zina giya ndogo ndani ya kila habu, yaani kitovu cha gurudumu, ili difu, kisanduku cha giya kilicho katikati ya ekseli, iinuke juu ya mawe. Kwa hiyo oili ya habu hukaguliwa peke yake, magurudumu yote manne, mbali na ile ya difu. Fundi akipima difu akadhani amemaliza, habu hukauka, giya hulika, na sili ikishapasuka oili huingia kwenye breki. Dalili ya kwanza ni mstari mweusi wa mafuta upande wa ndani wa tairi. Huonekana bila kufungua boliti hata moja, mradi mtu ainame. Kisha kuna mipira ya milango. Condor huelea na kusukumwa na propela, na jua la tropiki hukausha mipira hiyo ikapata nyufa zisizoonekana mpaka gari liingie majini. Gari la aina hii halivushwi mto kabla halijajaribiwa kwenye bwawa la kina kifupi, pampu ya kutoa maji ikiwa imewashwa na watu wawili tu ndani.

Jirani yetu Somalia aliona Condor kwa karibu. Usiku wa Oktoba 3 kuamkia 4, 1993, Condor za Malaysia, zikiwa na rangi nyeupe ya Umoja wa Mataifa, ziliingia katikati ya Mogadishu pamoja na vifaru vinne vya M48 vya Pakistan kuwatoa askari wa Marekani waliozingirwa. Askari wa miguu wa Malaysia walishushwa ili Wamarekani wapate nafasi. Dereva na mpiga rashasha wa Malaysia wakabaki kwenye gari. Waliokaa nyuma hawakuwa na lugha moja na aliyeshika usukani, na magari mawili ya mbele yalipotea njia yakapigwa kwa RPG, kombora la kurushwa begani. Dereva Mat Aznan Awang aliuawa usiku ule.

Watu hupenda kusema Condor ilishindwa siku ile. Hatukubali. Chuma chake kilitengenezwa kuzuia risasi za 7.62 mm na vipande vya mabomu, na kazi hiyo kilifanya. Walionasa mle ndani ya mji walitoka. RPG-7 hupenya chuma cha karibu milimita 300, na hakuna gari la magurudumu la tani 12 litakalobeba unene huo. Hata Hizir haliubebi. Sakafu yake yenye umbo la V imekusudiwa mabomu ya kutegwa barabarani, na kwa njia za Lamu, Garissa na Mandera hilo ni chaguo zuri. Ila sakafu hiyo huinua gari, na gari lililoinuka hubiruka kwa urahisi pale ukingo wa barabara ya udongo unapokatika baada ya mvua. Mafunzo ya dereva yahesabiwe kama sehemu ya deraya.

Tatizo kubwa la Malaysia lilikuwa wingi wa aina za magari. Pamoja na Condor yalinunuliwa magari 186 ya SIBMAS ya Ubelgiji, magurudumu sita, mengi yakiwa na mzinga wa Cockerill wa 90 mm. Mwaka 1993, kwa ajili ya kikosi chake cha Bosnia, yakaja magari 111 ya minyororo ya kubeba askari, K200 za Korea Kusini. Mwaka 2000 ukatiwa saini mkataba wa kwanza wa Adnan 211 kutoka FNSS ya Uturuki, gari la minyororo lililopewa jina la Luteni Adnan Saidi, aliyepigana na Wajapani Pasir Panjang, Singapore, mwaka 1942. Kuanzia 2007 vikafika vifaru 48 vya PT-91M Pendekar kutoka Poland. Na kwa mkataba wa 2011, wa zaidi ya ringgit (fedha ya Malaysia) bilioni 7.5, zikaagizwa Gempita 257 za magurudumu manane, umbo la FNSS, zikiundwa Malaysia na Deftech kwa aina 12, baadhi zikiwa na minara ya mizinga kutoka Denel ya Afrika Kusini.

Kila ununuzi ulikuwa na sababu yake. Pendekar, kwa mfano, ina uzito wa karibu tani 48, wakati Leopard 2, kifaru cha Ujerumani, huanzia 55, na katika nchi ya madaraja madogo na mashamba ya michikichi tofauti hiyo inapimwa kwenye kila mto. Lakini weka yote chini ya ofisa mmoja wa ghala. Ana risasi za 25 mm za Adnan, za 30 mm za Gempita, mabomu ya 90 mm ya SIBMAS na ya 125 mm ya Pendekar, na hakuna hata moja inayoingia kwenye mtutu wa mwenzake. Ana vichungi vya mafuta vya injini za Ujerumani, Korea na Poland. Pendekar yenyewe ina injini ya Poland ya nguvu farasi 1,000, giaboksi ya Renk ya Ujerumani na mfumo wa kulenga wa Sagem ya Ufaransa, na jeshi jingine lenye kifaru cha aina hiyo hakuna. Kiwanda kikiacha kutengeneza kipuri kimoja, hakuna pa kuazima.

Nayo Denel, miaka michache baada ya kuuza ile minara, iliishiwa fedha kiasi cha kushindwa kulipa mishahara yote ya wafanyakazi wake. Mkaguzi Mkuu wa Malaysia naye, mwaka 2025, alieleza jinsi Gempita zilivyochelewa kukabidhiwa na faini ya ucheleweshaji ilivyokawia kukusanywa. Mkataba wenye kifungu cha faini hausaidii kama hakuna aliyepewa kazi ya kuidai.

Kuna jambo moja Malaysia ililifanya vizuri, na tungeomba uliige lilivyo. Pamoja na Pendekar 48 yalinunuliwa magari 6 ya kuvuta, 5 ya kutandika daraja na 3 ya uhandisi, yote kwa chasisi ya jamii hiyo hiyo. Ni gari moja la kuvuta kwa kila vifaru 8. Katika SIBMAS 186, magari 24 yalikuwa ya kuvuta, yaani moja kwa kila saba hivi. Kwa Hizir 118 uwiano wa moja kwa nane ungetaka magari 15 ya kuvuta. Je, tunayo mangapi? Gari la deraya likivunjika ekseli porini bila la kulivuta huchomwa moto lisichukuliwe na adui, au askari hulala nalo, na wanaotega mabomu barabarani hulingoja hilo.

Kwa hiyo, Mheshimiwa Waziri, kabla ya oda yoyote nyingine tunaomba Kamati ya Ulinzi ya Bunge ipewe orodha ya vipuri vilivyomo ndani ya zile dola milioni 91.4, kwa idadi na namba za kiwanda, maana neno “vipuri” peke yake halihesabiki. Kwa magari 118 sisi tungetegemea kuona angalau injini kamili 12, giaboksi 12, seti moja ya tairi na mipira yake ya ndani ya kukimbilia tairi likitoboka kwa kila magari matatu, na betri, mikanda, vichungi na sili za miaka miwili. Hizir hutumia injini ya Cummins ya nguvu farasi 400. Hiyo ni bahati, kwa sababu jina hilo lina mafundi Mombasa na Nairobi. Iulizwe basi ni vipuri vipi vya injini hiyo vinafanana na vya malori na vipi ni vya kijeshi tu, na hivi vya pili ndivyo vijazwe ghalani kwanza.

Vitabu vya ukarabati viwe mali yetu, pamoja na michoro ya sili, bushi na mabomba, ili karakana zetu ziweze kuchonga vitu vidogo bila kuandikia Ankara. Kila gari liwe na daftari la kilomita na saa za injini kuanzia siku ya kwanza. Bila takwimu hizo oda ya pili ya vipuri itakuwa ya kubahatisha. Tukipeleka magari haya kwenye kikosi cha Umoja wa Mataifa daftari hilo litatulinda, kwani wakaguzi wao hupita kila robo mwaka na magari mengi yasipofanya kazi malipo hupunguzwa.

La mwisho linahusu aina. Likitakiwa gari jipya la deraya, swali la kwanza kwa muuzaji liwe kama linatumia injini, tairi na risasi ambazo tayari tunazo. Akijibu hapana, bei yake iongezewe gharama ya ghala jipya, mafundi wapya na mtambo mpya wa kupimia, kisha ndipo ilinganishwe na za wengine.

Kwa heshima,
Wafuatiliaji wa magari ya kijeshi, Nairobi na Mombasa