Baba, mimi si dalali

Shikamoo Baba, shikamoo Mama.

Simu ya Jumapili ilikatika kabla sijakujibu, Baba. Uliniuliza, "Umeacha uhariri wa jarida ukawe dalali?" Neno hilo ulilichagua, nakujua. Nakujibu kwa barua, maana kwenye simu huwa unanishinda.

Kazi yangu ya uwakala wa waandishi ni hii: mwandishi ananiletea mswada, naupeleka kwa wachapishaji, napatana nao bei, kisha nausoma mkataba mpaka yale maandishi ya sisimizi ya chini. Akilipwa dola 100, ofisi yetu inachukua 15. Asipolipwa, nimesoma bure. Kwa hiyo mwambie Hamisi, huyo "wakala" anayemdai ada ya kusomewa mswada asimpe hata senti.

Hapa New York alikuwepo Knox Burger, amefariki mwaka 2010. Alikuwa mhariri wa hadithi wa jarida la Collier's. Siku moja ikamfikia hadithi ya mtu aliyemfahamu tangu chuoni Cornell, Kurt Vonnegut, ambaye wakati huo alikuwa ofisa uhusiano wa kampuni ya General Electric. Urafiki haukumfanya alegeze kamba. Alimrudishia, akamwonyesha pa kurekebisha, na ilipokaa sawa ikanunuliwa kwa dola 750. Ikatoka Februari 1950. Akampeleka pia kwa wakala, Kenneth Littauer, ambaye, Baba, naye alikuwa mhariri wa hadithi palepale Collier's kabla yake! Asilimia 10 ya zile 750 ikaenda kwa wakala. Njia hii sikuifyeka mimi.

Burger mwenyewe aliendelea na uhariri, safari hii wa vitabu vya bei nafuu, na mwaka 1970 akafungua ofisi yake ya uwakala. Vonnegut, ambaye sasa alikuwa na jina kubwa, alikuwa amemuahidi kwamba atakuwa mteja wake. Akageuka. Miaka miwili tu nyuma alikuwa amemtabarukia kitabu na kumwita baba mwema, ingawa walipishana siku 10 kuzaliwa. Basi Burger akabaki na ofisi bila nyota wake, akaendelea kutafuta wengine. Akawapata, tena wazuri.

Hilo ndilo linaloninyima usingizi, siyo kuitwa dalali. Kwenye jarida, hadithi ikishatoka, mwandishi na mimi tumemalizana. Hapa namlea mtu miaka, halafu anaweza kuniaga kwa barua ya mistari mitatu.

Mkono bado haujazoea. Jana kwenye treni nimeufuta mstari wa kwanza wa mswada wa binti mmoja, nikaurudisha, nikaufuta tena, mpaka nikapitiliza vituo viwili. Bosi wangu anasema, "Acha kuhariri, uza." Lakini mstari ulikuwa mbaya, Baba.

Pesa ya mabati nimetuma kwa namba yako, ya Mama imegoma. Mpe zote, usikate kamisheni.

Mwanao,
Zuhura