Risala ya Watafiti wa Picha za Kumbukumbu kwa Mgeni Rasmi, Kigoma

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, viongozi mliopo, wazee wetu wa Ujiji na Mwanga, mabibi na mabwana: wanaostahili shikamoo, shikamooni.

Tunakushukuru kwa kufika, tena saa nne kamili kama barua ilivyosema.

Sisi ni watu saba. Tunawatafutia picha za zamani watengenezaji wa filamu za dokumentari. Mafanikio ni makubwa mno: tumeorodhesha kanda 63, kila tukio na dakika yake, nani alilipiga, nani mwenye haki. Tumewaepusha wengi na aibu. Akija mtu na picha za Liemba ikikata maji, zimeandikwa 1920, tunamrudisha: meli ile Wajerumani waliizamisha wenyewe 1916, na ikarudi kazini 1927. Anayedai picha za televisheni ya Bara za 1980 tunamwelekeza kwenye filamu za milimita 16, maana televisheni Bara imeanza 1994.

Mheshimiwa, sasa lililotuleta. Deki, yaani mashine ya kuchezea kanda za video.

Kanda za VHS za arusi, mikutano na mechi za Uwanja wa Lake Tanganyika zimelala chini ya vitanda, na unyevu wa ziwa umezitia ukungu mweupe. Ukiitumbukiza kanda hivyo hivyo, ukungu unaziba vichwa vya deki, vile vinavyosoma mkanda, picha inajaa chenga, na kanda safi inayofuata inaambukizwa. Kwa hiyo tunavaa barakoa, tunafungua skrubu 5 za kasha, tunafuta mkanda taratibu kwa kitambaa kisichotoa nyuzi chenye spiriti ya isopropili, tunauacha ukauke. Ndipo unachezwa ili unakiliwe kwenye kompyuta, na kanda ya saa moja inakula saa moja nzima. Saa hiyo, kwa mfumo wa video ya dijitali uitwao DV, inajaza gigabaiti 13 hivi, na nakala zinatakiwa tatu, moja ikae jengo jingine.

Yote hayo yanategemea deki moja iliyolika vichwa. Umeme ukikatika, mkanda unabaki umeizunguka ngoma ya vichwa. Tunautoa kwa bisibisi, na hapo ndipo unapokunjika. Kunjo hilo halitoki.

Mgeni rasmi wa 2022 alituahidi deki mbili kabla ya mvua. Wa 2023 akaahidi kuifuatilia ahadi ile. Tuliwapigia makofi, na makofi tumeyaorodhesha kama kazi inavyotaka: dakika ya 14, sekunde ya 20. Mvua tumezihesabu pia. Wakati huohuo, kampuni ya Funai ya Japani, ya mwisho kutengeneza deki hizi, iliacha tangu 2016. Zilizobaki ni mitumba, na kila mwaka zinapungua.

Hatuombi jengo wala gari. Tunaomba deki mbili za mitumba zenye vichwa vizima, kifaa kimoja cha kutuliza mawimbi ya picha, na betri ya akiba ya kutupa dakika 20 za kuitoa kanda salama. Bei ziko ukurasa wa 2.

Ikikupendeza, Mheshimiwa, tutajie tarehe badala ya "hivi karibuni". Kamera inarekodi.

Tunaomba kuwasilisha.